Sufuria ya Bwana Norton

Thrupp alikuwa fundi wa magari ya farasi jijini London, na alikuwa anadai hela yake, kiasi kisichofika pauni 50. Alitengeneza gari la bibi mmoja, akapeleka bili, akajibiwa: kamdai mume wangu. Agosti 1853 shauri likasikilizwa katika mahakama ya kaunti ya Westminster. Mdai alikuwa fundi, mdaiwa alikuwa mume. Mke hakuwa mdai wala mdaiwa, maana kwa sheria ya Uingereza ya siku zile mke hakuwa mtu wa kudai wala kudaiwa na yeyote.

Mke huyo ni Caroline Norton, mwanamke wa miaka 45, mshairi na mwandishi wa riwaya ambaye jina lake lilijulikana katika kila nyumba yenye vitabu. Mumewe ni George Norton, mwanasheria, mdogo wake Lord Grantley, tena hakimu wa mahakama ya polisi palepale London. Walikuwa wameachana vitanda kwa miaka 17 bila talaka.

Kisa chao husimuliwa kama kichekesho: mke kakopa kila duka kwa jina la mume mpaka mume akakoma. Kinapendeza kikisimuliwa hivyo, ila sivyo kilivyokuwa. Siku ile ya Agosti mahakama ilimpa ushindi George, na fundi Thrupp akatoka mikono mitupu. Nashikilia hata hivyo kwamba aliyezidiwa akili ni George, na sababu zake hazikai kwenye bili. Zinakaa kwenye hati moja ya mwaka 1848 na kwenye maneno aliyoyasema mwenyewe kuikwepa hati hiyo.

Ndoa ilivyokuwa

Caroline alizaliwa 1808 katika ukoo wa Sheridan. Babu yake, Richard Brinsley Sheridan, alikuwa mtunzi mashuhuri wa tamthilia na mbunge. Baba yake alikufa 1817 kule Rasi ya Tumaini Jema, kusini mwa Afrika, alikokuwa mtumishi wa serikali ya kikoloni. Alimwachia mjane watoto wengi, jina kubwa na mfuko mtupu. Binti wa nyumba ya namna hiyo kazi yake ilikuwa moja, kuolewa mapema. Caroline aliolewa 1827, ana miaka 19.

Mwanamume aliyempata alikuwa mtoto wa pili katika nchi ambayo mali na cheo humwendea wa kwanza. Alikuwa mbunge wa Guildford, kipato kidogo, majivuno mengi. Kama miezi miwili tangu harusi, teke la kwanza likarushwa. Yaliyofuata Caroline aliyaandika baadaye bila kupamba: kurushiwa kidau cha wino, kuwekewa birika la moto mkononi, kurushiwa vitabu vya sheria. Hivyo vitabu vya sheria ningekuwa natunga nisingethubutu kuviweka, msomaji angesema nimezidisha. Mwaka 1835 alipigwa akiwa mjamzito, mimba ikatoka.

Mume huyohuyo alikuwa analishwa na mkewe. Mtoto wao wa kwanza, Fletcher, alipozaliwa 1829, gharama za uzazi zililipwa na pesa ya kitabu cha kwanza cha mashairi cha Caroline. George alipopoteza ubunge 1830, mke ndiye aliyeandika barua kwa marafiki wa babu yake kumtafutia kazi. Barua moja ilimfikia Lord Melbourne, waziri wa mambo ya ndani, na 1831 George akapewa uhakimu wenye mshahara wa pauni 1,000 kwa mwaka. Yaani mpigaji akakalishwa kitini kuamua kesi za walevi na wapigaji wa mitaani, kwa barua ya mwandiko wa mke anayepigwa naye.

Melbourne alizoea kuja nyumbani kwao kuzungumza. George alijua, na alinufaika, hivyo alinyamaza. Kunyamaza huko ndiko kulikomgeuka mbele ya watu baadaye.

Pasaka ya 1836 walikorofishana kama watoto waende au wasiende kwa kaka yake Caroline. Mama aliporudi akakuta nyumba kimya. Fletcher wa miaka 6, Brinsley wa miaka 4 na William wa miaka 2 wamepelekwa kwa ndugu wa mume, na amri imetolewa asiwaone. Hakuwa na pa kushitaki. Kwa sheria watoto wa ndoa walikuwa wa baba, na mama hakuwa na hata haki ya kuwasalimia.

Kisha George akafungua shauri la fidia ya ugoni dhidi ya Melbourne, ambaye kufikia hapo alikuwa Waziri Mkuu. Alidai pauni 10,000. Kesi ilisikilizwa 22 Juni 1836, ukumbi umefurika, na kati ya waandishi waliokuja kunakili yaliyosemwa alikuwamo kijana Charles Dickens wa gazeti la Morning Chronicle. Mashahidi wa George walikuwa watumishi waliofukuzwa kazi. Barua zilizotolewa kuwa ushahidi wa mapenzi zilikuwa vikaratasi vya kuulizana hali na saa ya kuja kuamkiana. Wazee wa baraza hawakuinuka hata vitini mwao kwenda kushauriana. Walimwona Melbourne hana hatia palepale.

Caroline hakusikilizwa hata kidogo. Heshima yake ilijadiliwa kutwa nzima na wanaume, naye hakuruhusiwa wakili wala neno moja, kwa sababu shauri lilikuwa la wanaume wawili juu ya kitu cha mmoja wao. Hilo la 1836 lishike msomaji, tutalirudia.

Mume na mke ni mtu mmoja, na mtu huyo ni mume

Mwanasheria Blackstone alikwisha kuiandika kanuni hiyo tangu 1765: kwa ndoa, mume na mke huwa mtu mmoja kisheria, na uhai wa kisheria wa mwanamke husimama kwa muda wote wa ndoa. Ukiishusha chini mpaka jikoni maana yake ni hii. Mshahara wa mke ni wa mume. Haki ya vitabu alivyoandika ni ya mume. Mke hawezi kufunga mkataba, hawezi kushitaki, hawezi kushitakiwa. Talaka kamili ilihitaji sheria mahususi ya Bunge kwa kila wanandoa, na katika historia yote ya utaratibu huo wanawake waliofanikiwa walikuwa 4 tu. Caroline hata angekuwa na fedha asingeweza. Alirudi kwa mumewe baada ya kupigwa, na kwa sheria aliyerudi amesamehe.

Hapa msomaji wa Pwani ana haki ya kuguna. Mwaka huohuo wa 1853 Unguja ilikuwa chini ya Sayyid Said, na mwanamke wa Kiislamu pale alikuwa anamiliki mahari yake, nyumba yake na shamba lake la mikarafuu, akiuza na kuweka rehani kwa jina lake, mume akiwa hana hisa humo. Sisemi hivyo ili tujipigie makofi. Mali yenyewe wakati mwingine ilikuwa ni pamoja na watumwa, na mjakazi wa shambani hakuwa na mahari ya kutetea. Lakini kwenye swali hili moja, pesa ya mke ni ya nani, kadhi wa Unguja angemshangaa jaji wa London.

Sasa kila kanuni ina upande wa pili, na upande wa pili wa hii ulikuwa wa haki kwa bahati mbaya tu. Kama mke hana mali, basi atakula nini? Majaji walijibu zamani: mume atamlisha. Asipomlisha, mke anaweza kuchukua mahitaji muhimu dukani kwa dhamana ya mume, na mwenye duka atamdai mume. Mahitaji muhimu hayakuwa unga na chumvi tu, yalipimwa kwa hali ya mume. Mke wa ndugu wa Lord alihitaji nguo za heshima na, ndiyo, gari la farasi. Kinga ya mume ilikuwa moja: aonyeshe kwamba anampa mkewe posho ya kutosha. Akionyesha hivyo, mwenye duka kala hasara yake.

Kinga hiyo ndiyo uzi wa kisa kizima.

Raundi ambazo mume alishinda

Kabla ya bili kulikuwa na watoto, na huko George alishinda kwa njia chafu. Caroline aliandika vijitabu kudai mama aruhusiwe kuwaona wanawe, kimojawapo akikitoa kwa jina la mwanamume la kubuni, Pearce Stevenson, maana hoja ya mwanamke ingechekwa kabla ya kusomwa. Mbunge Talfourd akaupeleka muswada, na 1839 ikapita sheria iliyomruhusu mama asiyethibitika kuwa na ugoni kuomba kukaa na watoto walio chini ya miaka 7 na kuwaona waliozidi hapo. Kwa mara ya kwanza sheria ya nchi ile ilikubali kwamba mama ni mzazi.

George akawaweka watoto Scotland, ambako sheria hiyo haikufika.

Mwaka 1842 William, mdogo wao, alianguka kutoka kwenye farasi mdogo akiwa nyumbani kwa baba yake. Jeraha lilikuwa dogo, likaachwa, likaharibika. Walipomwita mama alifika mtoto amekwisha kufa. Alikuwa na miaka 9. Baada ya hapo George akalegeza, wakubwa wawili wakawa wanakuja kwa mama yao.

Sitaki kuliharakisha hili nifike kwenye ujanja, kwa sababu wengi wetu hufanya hivyo. Sheria aliyoipigania ilisaidia wanawake wengine kabla ya kumsaidia yeye, na kwake ilichelewa.

Hati ya 1848

Mwaka 1848 George alitaka kukopa kwa kutumia mali ya amana iliyowekwa kwa ajili ya mkewe na wanawe, na hiyo hakuweza kuigusa bila ridhaa ya mke. Mwanamke ambaye kisheria hayupo ghafla akahitajika kutia sahihi. Caroline akakubali kwa masharti: mume atampa pauni 500 kwa mwaka maisha yake yote. Hati ikaandikwa, George akatia sahihi, mashahidi wakashuhudia, mkopo ukapatikana.

Mwaka 1851 mama yake Caroline akafa, akamwachia kipato cha pauni 480 kwa mwaka, akikifungia kwa namna ambayo mkwe hakuweza kuzipitisha mfukoni mwake. Mama wa watu alimjua mkwewe. George aliposikia, akasema basi posho ipungue, mwanamke anazo. Caroline akakataa, akataja hati. Hapo George akatoa jibu ambalo bila shaka alijiona nalo bingwa: hati hiyo si kitu, kwa sababu mume hawezi kufungwa na mkataba na mkewe. Mkataba unataka watu wawili. Mume na mke ni mtu mmoja. Akasitisha malipo.

Kila aliyekulia kwenye Kiswahili anaijua ile ya Abunuwasi na jirani yake. Aliazima sufuria, akairudisha na kisufuria ndani yake, akasema imezaa, jirani akapokea vyote kwa furaha. Akaazima tena, safari hii hakurudisha. Alipofuatwa akasema, pole ndugu yangu, sufuria imekufa. Jirani akaja juu, tangu lini sufuria ikafa? Abunuwasi akamwuliza, na ilipozaa mbona hukuuliza?

George aliipenda sufuria ilipozaa. Kwa miaka 26 alikubali kwamba yeye na Caroline ni mtu mmoja kila mashairi yalipoingiza pesa. Caroline hakwenda kubishana na kanuni hiyo. Aliikubali yote, mpaka kwenye kifo cha sufuria: kama sisi ni mtu mmoja, basi madeni yangu ni yako. Wenye maduka walipokuja mlangoni na bili aliwaelekeza kwa mume, waende wakamshitaki.

Tazama George alivyobanwa. Ili kuwakwepa wenye maduka ilimpasa aiambie mahakama kwamba alimpa mkewe posho ya kutosha. Lakini posho yenyewe ni ile ya hati ya 1848. Akisema hati ni halali, anadaiwa pauni 500 kwa mwaka na malimbikizo juu. Akisema hati si halali na hampi chochote, bili zote za mji ni zake. Mtu mmoja hawezi kusimama kwenye milango miwili, na milango yote miwili alikuwa ameijenga kwa mdomo wake.

Siku ya fundi Thrupp

Alipenya, kama nilivyosema. Deni la Thrupp lilionekana kuwa la kipindi ambacho posho ilikuwa bado inatoka, kwa hiyo kinga ya mume ikasimama na fundi akashindwa. Ilikuwa hoja ya tarehe. Kiufundi ilikuwa sahihi.

Lakini kufika kwenye tarehe hiyo ilibidi kujua nani alimpa nani kiasi gani na lini, na anayejua ni mke. Upande wa George ulikwisha kuwaita watu wa benki ya Caroline na wachapishaji wake waeleze mke anapata nini, na mashahidi wakahojiwa mpaka kuhusu fedha kutoka kwa familia ya Melbourne, aliyekuwa amefariki 1848. George alikuwa anakoroga matope ya 1836 upya. Safari hii hata hivyo Caroline alikuwa kizimbani cha mashahidi. Mwanamke ambaye miaka 17 kabla alijadiliwa mahakamani kama ng'ombe aliyepotea alikuwa na ruhusa ya kujibu, mbele ya waandishi wa magazeti, na mumewe yupo hapohapo anasikia.

Akajibu. Aliyaeleza makubaliano, sahihi, na jinsi yalivyokanwa. Maneno yaliyobaki midomoni mwa watu ni pale aliposema kwamba haombi haki zake, kwa sababu haki hana, alichonacho ni dhuluma tu. George alishindwa kuvumilia, akaandika barua ndefu kwenye The Times kujitetea, Caroline akajibu kwa hati mkononi. Mume aliyekuwa na sheria yote upande wake alikuwa sasa anabishana gazetini na mkewe kuhusu bili ya gari.

Kwa maoni yangu hapo ndipo alipozidiwa. Ujanja wa Caroline haukuwa kumtoa pesa mfukoni. Ulikuwa kumlazimisha aitamke kanuni kwa sauti mahali ambapo watu wanaandika. Kanuni ikiwa vitabuni inaonekana hekima ya wazee. Ikitamkwa na hakimu anayekana sahihi yake mwenyewe, kila mfanyabiashara aliyemo ukumbini anajiuliza: na mimi mkataba wangu naye je? Hilo la wafanyabiashara silioni likitajwa mara nyingi, na mimi nalitilia uzito. Machozi ya mama mwenye kunyang'anywa watoto Bunge lilikuwa limeyazoea. Wenye maduka wasiojua wamdai nani ni jambo jingine, hao wana kura.

Kasoro zake nazo ziwekwe mezani. Aliyepata hasara halisi siku ile ni fundi, si mume, na Caroline alijua hilo linaweza kutokea. Pia mbinu hii ilihitaji mwanamke anayekopesheka. Dobi wa Lambeth aliyepigwa na mumewe Jumamosi na kufikishwa mbele ya hakimu kama George Jumatatu asingepewa hata mkate kwa dhamana ya mume, sembuse kutengenezewa gari. Na Caroline hakuwa mtetezi wa usawa. Aliandika waziwazi kwamba anakubali mwanamume ni bora kuliko mwanamke, akaliita wazo la usawa upuuzi. Alichodai ni kwamba aliye juu atimize wajibu wa aliye juu. Wapo wanaomlaumu kwa hilo. Mimi naona ni mwenendo uleule wa sufuria: anaanza kwa kukubali.

Kilichoingia kwenye sheria

Mwaka 1854 alitoa kijitabu kuhusu sheria za Uingereza kwa wanawake, akijitumia mwenyewe kama mfano bila haya. Mwaka 1855 akaandika barua ya wazi kwa Malkia Victoria kuhusu muswada wa ndoa na talaka uliokuwa mezani. Jambo lililomuuma ni kwamba nchi yenye mwanamke kwenye kiti cha enzi ilimfanya kila mwanamke mwingine aliyeolewa asiwepo.

Sheria ya talaka ilipita 1857. Kifungu cha 21 kilimruhusu mke aliyetelekezwa kwenda kwa hakimu kuomba amri ya kulinda mapato yake yasiguswe na mume wala na wadai wa mume. Kifungu cha 26 kilisema mke aliyetenganishwa na mahakama ahesabiwe kama asiyeolewa katika mikataba na mashauri, na kikaongeza jambo ambalo ukilisoma ukiwa umetoka kwenye kisa cha Thrupp unatabasamu: mahakama ikiamuru posho na mume asiilipe, atawajibika kwa mahitaji muhimu mke aliyopewa dukani. Ule mlango wa kuikana posho aliojaribu kuupita George, wabunge waliuwekea kizibo pale posho ilipoamriwa na mahakama.

Sheria nyingine zilifuata, ya 1870 iliyompa mke mshahara wake na ya 1882 iliyompa mali yake yote. George alikufa Februari 1875, miezi sita kabla ya kaka yake Lord Grantley, hivyo cheo alichokitamani maisha yote kilimruka kikaenda kwa mwanawe Brinsley. Caroline, akiwa na karibu miaka 69, aliolewa na rafiki wa siku nyingi, Sir William Stirling Maxwell, Machi 1877. Alikufa Juni mwaka huohuo.

Huku kwetu

Sheria ile ya 1882 ilisafiri. Kenya iliitumia kugawanya mali za wanandoa hadi ilipotunga yake, Sheria ya Mali za Ndoa ya 2013. Kwa miaka 50 baada ya uhuru, mke wa Nakuru na mumewe waliokorofishana kuhusu shamba walikuwa wanasomewa sheria iliyozaliwa kwenye ugomvi wa kizazi cha Caroline.

Tanzania ilichukua njia yake mapema zaidi, kwa Sheria ya Ndoa ya 1971. Kifungu cha 56 kinampa mke haki sawa na mume ya kumiliki mali, kufunga mikataba, kushitaki na kushitakiwa. Cha 63 kinamwajibisha mume kumtunza mkewe. Cha 66 kinasema hakuna mwenye haki ya kumchapa mwenzi wake, na mwaka 1983 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, ikaamua kwamba kazi za nyumbani za mke ni mchango katika mali ya ndoa.

Katikati ya vifungu hivyo kuna cha 64, ambacho sijawahi kumsikia mtu akikitaja kwenye vikao vya usuluhishi wa ndoa. Kinasema mke huchukuliwa kuwa na idhini ya kukopa kwa dhamana ya mumewe kwa ajili ya mahitaji muhimu yake na ya watoto wao wadogo, kwa kadiri ya uwezo na hali ya mume. Ni kanuni ileile ya zamani ya maduka ya London, sasa imeandikwa kwenye sheria ya Tanzania. Ni dhana tu, inaweza kupingwa, na mume mwenye ushahidi wa posho ya kutosha bado ana pa kusimama.

Wanawake wengi ambao waume wamekwenda machimboni au mjini na kusahau njia ya kurudi hawakisomi kifungu hicho, ila wanakiishi. Mwezi ukifika tarehe 20 mama anamtuma mtoto dukani kuchukua kilo ya unga, nusu ya sukari na sabuni ya kipande. Mangi anafungua daftari la madeni, analowesha kidole, anatafuta ukurasa, anamwuliza mtoto: niandike jina la nani?